Hatua nne za Maya Deren: kisa cha filamu fupi iliyotaka kuwa shairi

Usiku wa tarehe 28 Oktoba 1953, jijini New York, watu watano walikaa mbele ya hadhira ya chama cha filamu cha Cinema 16 kujadili ushairi na filamu. Willard Maas, mshairi aliyekuwa pia akitengeneza filamu fupi, aliongoza mazungumzo. Walikuwepo mhakiki Parker Tyler, mwandishi wa tamthilia Arthur Miller, na Dylan Thomas, mshairi wa Wales ambaye Wamarekani walijaa kumbini kumsikiliza akisoma. Wa tano alikuwa Maya Deren, mtengenezaji wa filamu fupi na mwanamke pekee pale mbele. Siku kumi na mbili baadaye Thomas alifariki katika mji huohuo, kwa hiyo usiku ule hutajwa zaidi katika habari za maisha yake, kama kituko kimojawapo cha siku zake za mwisho. Alichekesha kweli, hilo hakuna wa kumnyima. Lakini hoja iliyobaki na uhai mpaka leo ni ya Deren, na filamu ya kuipimia, Meshes of the Afternoon, aliitengeneza yeye mwenyewe miaka kumi kabla.

Alidai hivi. Tamthilia huenda mlalo: tendo linazaa tendo, hisia inapokea hisia, na mtazamaji anavutwa na hamu ya kujua kitakachofuata. Shairi huenda wima. Linasimama juu ya jambo moja na kulichimba: lina uzito gani, linagusa nini, chini yake kuna nini. Mfano wake ulikuwa Shakespeare. Kisa kinasonga, kinafika mahali ambapo mwandishi anataka tuone maana ya pale tulipofika, basi mhusika anaachwa peke yake aseme na nafsi yake. Mwendo unasimama, na juu ya nukta hiyo moja inajengwa piramidi ya maneno. Ikikamilika, kisa kinashika tena njia. Sasa, akasema Deren, zipo filamu fupi ambazo ni ile piramidi tu, bila safari ya kabla wala ya baada, na zimetimia hivyohivyo, kama shairi fupi la hisia linavyotimia.

Thomas alijibu kwa mzaha. Alijitoa kabisa katika mambo ya nadharia, akayachezea maneno wima na mlalo mpaka ukumbi ukaangua kicheko. Miller alipopata zamu akayatupa yote mawili: hayana maana. Akapigiwa makofi. Kwake yeye hapakuwa na kisa upande huu na uchimbaji wa maana upande ule. Mwandishi anayejua kazi yake huvifanya vyote kwa pigo moja.

Mazungumzo yale yalichapishwa mwaka 1963 katika jarida la Film Culture, na ukiyasoma bila kelele za ukumbi unaona jambo la ajabu kidogo. Wale wawili waliomcheka walikuwa karibu naye kuliko walivyojua. Thomas, alipoacha utani kwa muda, alisema kuwa katika shairi taswira moja huzaa nyingine, na katika filamu vivyo hivyo, picha huzaa picha. Miller naye alieleza kuwa filamu inafanana na ndoto, kwani ndotoni tunaruka kutoka mahali hadi mahali na hatuoni ajabu. Picha kuzaa picha, na kuruka mahali bila kukatika kwa hisia: hivyo ndivyo vitu viwili ambavyo Deren alikuwa amevifanya kwa mkasi na gundi mwaka 1943. Walichokataa ni jiometria yake. Sioni kama waliikataa kazi yake, na sina hakika kama waliifikiria kabisa usiku ule.

Kuna kejeli nyingine hapa. Mwaka 1946 Deren alikodi ukumbi wa Provincetown Playhouse hukohuko New York akaonyesha filamu zake mwenyewe, maana hapakuwa na mtu wa kumwonyeshea. Watu wakafurika. Kijana mmoja mhamiaji kutoka Austria, Amos Vogel, akaona kuwa hadhira ya filamu za namna ile ipo, na mwaka uliofuata yeye na mkewe Marcia wakaanzisha Cinema 16. Walikiendesha kama chama cha wanachama, njia iliyokiwezesha kuonyesha filamu bila kupitia bodi ya udhibiti ya jimbo. Yaani jukwaa alilochekewa Deren lilisimama kwa sehemu juu ya kazi yake.

Sasa filamu yenyewe. Meshes of the Afternoon ina dakika 14. Ilipigwa Los Angeles, nyumbani kwa Deren na mumewe wa wakati huo, Alexander Hammid, mpiga picha kutoka Chekoslovakia, kwa kamera ya milimita 16 iliyonunuliwa kwa pesa za urithi wa baba yake Deren. Gharama yote ilikuwa dola mia chache. Haina mazungumzo, na awali haikuwa na sauti yoyote. Muziki wa Teiji Ito uliongezwa mwaka 1959.

Mwanamke anaokota ua njiani. Anamwona mtu akipotea kwenye kona. Anafika mlangoni, ufunguo unamponyoka na kudunda ngazini. Anaingia: mkate mezani na kisu, mkono wa simu umeondolewa mahali pake, santuri inazunguka bila msikilizaji. Anaketi kitini, usingizi unamchukua. Kisha yote yanarudi. Safari hii yule wa njiani ni mtu aliyejitanda joho jeusi, na pale penye uso pana kioo. Mwanamke anamkimbilia, hamfikii, anaingia nyumbani. Inarudi tena, na tena. Kila mara kitu kimehama: kisu hakikai mahali pamoja, ufunguo unatolewa kinywani badala ya mkobani. Mwisho nyumba ina wanawake watatu wenye sura moja, wameketi meza moja, na wa nne amelala kitini.

Msomaji wa mashairi ya Kiswahili hahitaji nadharia ya New York kutambua kinachoendelea hapa. Mwanamke kumkimbilia mtu wa joho na kumkosa ni kibwagizo. Kinafunga ubeti, kinafungua mwingine, na kwa kuwa tunakijua tayari, macho yetu yanakuwa huru kutazama kilichobadilika katika mishororo iliyokitangulia. Hapo ndipo filamu nyingi za majaribio huteleza. Hurudia picha kwa sababu kurudia kunaonekana kishairi, lakini marudio hayabebi kitu kipya, na mtazamaji aliyeshaelewa anabaki akingoja. Katika Meshes kila mzunguko unatoa kitu na kuweka kingine. Ufunguo, ambao ni kitu cha kuingilia nyumbani, unapokezanwa pale mezani na kila mmoja wa wale watatu, na mkononi mwa wa tatu unageuka kisu. Hakuna aliyeeleza lolote. Vitu viwili vimewekwa mahali pamoja kwenye kiganja kimoja, na fikra inafanya kazi yake yenyewe.

Aliyepata kisu anainuka kumwendea mwenzake aliyelala. Hapa ndipo kiini cha kisa hiki, na huchukua sekunde chache tu. Tunaona mguu ukipiga hatua. Hatua ya kwanza inakanyaga mchanga wa pwani. Ya pili inakanyaga majani. Ya tatu, njia ya saruji. Ya nne, zulia la sebuleni. Kisha mkono wenye kisu unashuka.

Tukipima kwa kipimo cha mlalo, kilichotokea ni kidogo mno: mtu ametoka mezani hadi kitini, chumba kilekile. Filamu ya kawaida ingempa shoti moja, yaani kipande kimoja cha picha kisichokatwa, ya kuvuka, au isingempa hata hiyo. Deren amesimama juu ya kuvuka huko na kuuliza ni kwenda umbali gani, kumwendea nafsi yako na kisu. Jibu amelitoa kwa picha: umbali wa kutoka baharini, kupitia nchi kavu na njia zilizojengwa na watu, hadi ndani ya nyumba. Saa haijasonga, na kisa hakijaongezewa tukio lolote. Kimezama. Kama neno wima lina maana yoyote katika filamu, maana yake ni hii, na Miller angeweza kuonyeshwa kwa kidole.

Mbinu yenyewe inastahili kutazamwa kwa karibu, kwa sababu si ya kigeni hata kidogo. Wahariri wa Hollywood walikuwa wakikata katikati ya tendo kila siku: mtu anaanza kuketi katika shoti ya mbali, anamaliza kuketi katika shoti ya karibu, na kwa kuwa jicho linafuata mwendo, haliuoni mkato. Ilikuwa mbinu ya kuficha. Deren ameichukua ilivyo akaitumia kinyume. Mwendo wa mguu hauvunjiki, kwa hiyo jicho linasadiki kuwa ni mtu yuleyule katika tendo lilelile. Ardhi inavunjika kila hatua, kwa hiyo fikra inalazimika kutafuta kinachounganisha pwani na zulia. Mguu umeshika mizani. Maneno yamebadilika mshororo hadi mshororo, lakini hesabu ya pumzi ni ileile, na ndiyo inayotufanya tukubali kuyasikia kama kitu kimoja. Bila mwendo ule wa mguu tungekuwa na picha nne nzuri za ardhi na hakuna shairi.

Deren mwenyewe hakujidanganya kuhusu kipande hiki. Katika barua aliyoandika mwaka 1955 alieleza kuwa alikusudia hatua zile nne zibebe wakati wote tangu uhai ulipotoka majini, kwamba mtu hutoka mbali sana kufika mahali pa kujiua. Papo hapo akakiri kuwa hadhani filamu ilifikisha yote hayo. Yanapita haraka, na mtazamaji anabaki na hisia ya umbali wa ajabu tu. Aliona hilo linatosha kwa mahitaji ya filamu ile. Ila kila alipoitazama pamoja na marafiki, kipande hicho kilimgutusha, kikamwonyesha upenyo wa ulimwengu mwingine, na kazi zake zilizofuata zilianzia hapo.

Ushahidi upo. Katika At Land ya mwaka 1944 mwanamke anatupwa ufukweni na mawimbi, anapanda gogo lililokauka, na mikono yake inapofika juu inashika ukingo wa meza ndefu ya karamu. Katika A Study in Choreography for Camera ya 1945, filamu isiyofika hata dakika tatu, mchezaji Talley Beatty anainua mguu msituni na kuushusha chumbani. Zile sekunde chache za Meshes zimekuwa filamu nzima. Ninaliona hili kuwa la maana pia katika ubishi wa zamani kuhusu nani hasa aliitengeneza Meshes. Hammid ndiye aliyekuwa fundi wa kamera, na mwanga ule mkali wa alasiri na vivuli vyake ni vya mtu aliyejua kazi. Lakini mguu unaoanza hatua mahali pamoja na kuimaliza kwingine ulimfuata Deren hata alipofanya kazi bila Hammid. Namna ya kufikiri katika filamu huonekana kwa kinachorudi, na hiki kilirudi kwake.

Hata njia aliyopitia inaeleza. Alizaliwa Kiev mwaka 1917, akafika Marekani akiwa mtoto, na shahada yake ya uzamili katika chuo cha Smith mwaka 1939 aliiandikia athari za washairi wa Ishara wa Ufaransa juu ya ushairi wa Kiingereza. Aliandika mashairi na hakuyaridhikia. Baadaye alieleza kuwa taabu yake ilikuwa kuwaza kwa picha kisha kulazimika kuzihamishia katika maneno, na alipopata kamera kazi hiyo ya uhamishaji ikamwondokea. Kwa hiyo alipopanda jukwaani mwaka 1953 hakuwa mtu wa filamu aliyeazima jina la ushairi kwa heshima yake. Alikuwa ameusomea, ameujaribu, na kuuacha kwa sababu anayoijua.

Basi kwa nini alishindwa ukumbini? Sehemu moja ni mbele ya nani alizungumza: Thomas angeweza kusoma risiti na watu wakafurahi. Nyingine ni chaguo lake la maneno. Hadhira imekuja kusikia ushairi, unaipa mistari ya darasani. Na ugomvi wa namna hii hauishi kwa hoja tu hata kwetu. Amri Abedi alichapisha Sheria za Kutunga Mashairi mwaka 1954, mwaka mmoja tu baada ya usiku ule, na Kezilahabi alipotoa Kichomi, diwani yake isiyofuata vina na mizani, mwaka 1974 watu walibishana kama kilichomo ndani ni mashairi kabisa. Anayetaka kupanua mipaka ya shairi huulizwa kwanza kibali, na kazi yake husomwa baadaye.

Lakini ipo sehemu ambayo Miller alikuwa na haki, na watetezi wa Deren huipita haraka. Hatua nne zinafanya kazi kwa sababu kuna kisa chini yake. Kuna mwanamke mwenye kisu, kuna aliyelala, tunajua chumba, tunajua kiti kiko wapi, tunaogopa kitakachotokea. Ungezikata hatua zile ukazionyesha peke yake ungepata zoezi zuri la uhariri. Uzito wa kila hatua unatoka kwenye kisu ambacho hakionekani katika shoti za mguu. Ndivyo ilivyo hata kwa mfano wake mwenyewe: mhusika wa Shakespeare anaposema peke yake, tunamsikiliza kwa sababu tunajua nani amekufa na nani anasubiri nje. Mlalo umeleta shehena, wima umeifungua. Meshes ina kisa chembamba kuliko tamthilia yoyote ya Miller, lakini inacho: ufunguo, mlango, ngazi, kiti, kisu. Deren alipodai kuwa filamu fupi inaweza kuwa wima mtupu, alidai zaidi ya vile filamu yake bora ilivyokuwa.

Jambo jingine alilosema usiku ule halikuchekwa na halikukumbukwa, na kwa mtu anayetengeneza filamu leo pengine ndilo lenye faida zaidi. Lilihusu maneno. Alisema kuwa maneno yanayotoka ndani ya picha, yakieleza kile ambacho picha imekwisha onyesha, ni ya ziada. Yakiletwa kutoka upande mwingine, picha ikiwa imetimia yenyewe na maneno yakiwa yametimia yenyewe, viwili hivyo vikikutana ndipo shairi linapozaliwa. Chukua kipimo hicho utazame filamu fupi zinazoitwa za kishairi. Nyingi ni sauti inayosoma shairi, na kila nomino ikitajwa picha yake inaletwa: ikisemwa mvua, mvua, ikisemwa mama, mikono ya mzee kwa ukaribu. Picha zimekuwa karani wa maneno. Ukizima sauti hakuna kinachobaki, na ukifumba macho hukosi kitu. Meshes, ambayo haina hata neno, iko karibu zaidi na shairi kuliko hizo, na siamini ni kwa sababu ya ukimya wake. Ni kwa sababu kila shoti ina deni kwa shoti iliyoitangulia.

Hata muziki wa Ito unaweza kuhukumiwa hivyo. Wapo wanaopenda kuitazama filamu bila sauti, kama ilivyokuwa miaka yake kumi na sita ya kwanza. Mimi naona ngoma na nyuzi za Ito hazielezi hofu ya mwanamke. Zinahesabu muda wao wenyewe kandokando, wakati mwingine zikikutana na hatua zake na wakati mwingine zikimwacha. Ziko upande mwingine, kama alivyotaka Deren maneno yawe.

Kama angetaka kuithibitisha nadharia yake kwa ukali wote, fursa aliipata. Katika miaka hiyohiyo ya ubishi alikuwa akiitengeneza The Very Eye of Night, filamu ya mwisho aliyoikamilisha kabla ya kufariki mwaka 1961 akiwa na miaka 44. Wacheza baleti, chini ya uongozi wa mtunzi wa dansi Antony Tudor, wanaonekana katika picha hasi, ambamo cheusi na cheupe hubadilishana, miili myeupe juu ya giza lenye nyota. Hakuna sakafu. Hakuna juu wala chini, kamera inazunguka na wao wanaelea. Hapa hakuna mchanga wa kutokea wala zulia la kufikia, na hakuna aliyeshika kitu mkononi. Ni wima mtupu, kama alivyoielezea mbele ya Thomas na Miller. Ina dakika kama 15, karibu sawa na Meshes, nami huiona ndefu maradufu: mguu wa mchezaji unapoinuka humo hauna ardhi ya kubadilisha, kwa hiyo hautuambii umetoka umbali gani.